Bomba la majitaka limevunjika chini ya vyumba vyetu, na jirani ndiye aliyefurikiwa. Nimwambie nini?

Shangazi, shikamoo.

Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi, mama wa watoto watatu. Mimi na mume wangu tumeishi Buruburu, Nairobi, tangu 2009, katika nyumba tuliyoinunua kwa mkopo wa benki ambao hadi leo tunaulipa. Mume wangu anafanya kazi Mombasa na huja nyumbani mwisho wa mwezi. Nyuma ya nyumba tulijenga vyumba vitatu vya kupangisha. Kodi ya vyumba hivyo ndiyo inayomsomesha kifungua mimba wetu chuoni.

Jirani yetu wa upande wa juu wa mteremko ni mama mjane, muuguzi mstaafu. Nilipojifungua kitinda mimba mama yangu mzazi alikuwa hospitalini Kakamega, na jirani huyu ndiye aliyenikanda kwa maji moto na kunipikia uji mpaka nikapata nguvu. Watoto wangu humwita Shosho, yaani bibi. Tuko naye katika chama kimoja cha akina mama.

Wakati wa masika, usiku wa mvua kubwa, majitaka yalipanda kupitia choo chake na tundu la bafu yakatapakaa hadi sebuleni. Zulia, makochi, kabati la chini jikoni na godoro la mjukuu wake, vyote viliharibika. Nilienda na watoto tukamsaidia kusafisha. Kwetu hakukuwa na tone. Lakini wiki hiyo hiyo mpangaji wa chumba cha katikati aliniita kunionyesha sakafu inayobonyea na harufu inayotoka ukutani. Fundi alichimba kando ya msingi akakuta bomba la zamani, lile la udongo wa kuchomwa, limevunjika. Mizizi ilikuwa imejaa ndani na msingi wa vyumba umelikalia kwa juu. Akaniambia, “Mama, njia iliziba hapa. Maji ya kule juu yalikosa pa kupitia.” Choo chetu kinaungana na bomba hilo upande wa chini, baada ya pale palipovunjika, ndiyo maana hatukuguswa. Kuhamisha bomba lipite kando ya ukuta anataka shilingi 185,000. Jirani naye amehesabu hasara yake ikafika kama 240,000.

Nilidhani nyumba ina bima, kwa kuwa benki hutukata pesa za bima kila mwaka. Nilipouliza nikaambiwa ile ni ya moto na majanga ya aina hiyo. Nina bima nyingine ya nyumba niliyochukua kupitia wakala anayekuja kwenye Sacco yetu. Wakala anasema ina kipengele cha hasara ninayomsababishia mtu mwingine, ila ana masharti mawili. Kwanza, nisimwambie jirani kwamba tatizo liko kwetu. Pili, kwenye fomu ya madai tusitaje vyumba vya kupangisha. Tuandike tu kwamba bomba lilipasuka ghafla. Kumbe hata fomu ya kwanza, ambayo aliijaza yeye mwenyewe, iliandikwa kwamba hapa ni makazi ya familia pekee.

Mume wangu naye anasema nikimpa jirani hata elfu kumi nitakuwa nimekubali kosa, na kwamba bomba hilo ni la kizamani, waulizwe watu wa maji. Juzi mtoto wa kiume wa jirani alikuja kutoka Nakuru akaniuliza waziwazi, “Mama, mlijenga juu ya bomba?” Nikamjibu kwamba tunangoja fundi. Tangu siku hiyo namkwepa Shosho. Nikisikia mlango wake ukifunguliwa, nangoja aingie ndani ndipo nitoke. Mwezi ujao chama kinakutana kwangu.

Shangazi, bomba hili ni la nani? Bima italipa kweli? Na je, nikienda kumwona jirani yangu, nitakuwa nimejifunga kitanzi?

Mwalimu, Buruburu

Shangazi anajibu

Marahaba, mwanangu. Pole kwa yaliyokupata, na pole kwa Shosho, ambaye sijui kama ameshapata godoro jingine la mjukuu.

Kabla ya habari za pesa, kuna jambo haliwezi kungoja bima wala mume arudi. Sakafu inayobonyea maana yake udongo ulio chini yake unaondoka. Mpangaji wa chumba hicho ahamishwe leo, hata kama utamlaza kwenye chumba cha watoto. Kisha mwulize fundi bomba la maji safi linapita umbali gani kutoka pale palipovunjika. Sisi wa Nairobi tunaishi kwa mgao, na maji yakikatika nguvu ndani ya bomba hushuka. Bomba la maji safi likiwa na ufa karibu na majitaka linaweza kuvuta uchafu, nao ukakufikia jikoni siku maji yatakaporudi. Hadi upate uhakika, chemsheni maji ya kunywa, ninyi na wapangaji. Mweleze Shosho afanye vivyo hivyo. Jiji hili limeugua kipindupindu mara nyingi, na yeye muuguzi atakuelewa upesi kuliko yeyote.

Sasa nikusomee barua yako nilivyoielewa. Umeuliza mambo matatu, lakini naona zito zaidi ni la nne ambalo hukuliuliza: watu wawili wanaokushauri, wakala na mume wako, wote wamekuambia unyamaze, na moyo wako haukubali. Wanakutaka unyamaze kwa sababu tofauti, lakini. Naomba tusiwachanganye.

Nianze na bomba. Umelipokea neno la fundi kama hukumu, nami sina hakika kwamba amemaliza kazi. Alichokiona ni mahali palipovunjika, ambako ni tofauti na chanzo. Nyumba nyingi za Buruburu zilijengwa miaka ya 1970 na mwanzoni mwa 1980, kwa hiyo bomba hilo huenda limepita miaka 40 ardhini. Mabomba ya udongo wa kuchomwa huunganishwa vipande vifupi vifupi, na maungio ndiyo mizizi inapopenyea ikifuata unyevu. Isitoshe, udongo mweusi wa Eastlands huvimba mvua ikinyesha na kupasuka wakati wa kiangazi, ukilitikisa bomba mwaka baada ya mwaka. Uzito wa msingi wa vyumba vyenu nao upo, siwezi kuuondoa. Lakini ni kipi kilitangulia? Kama mizizi ilikuwa imeziba njia kabla hamjajenga, hilo ni jambo moja. Kama msingi ndio uliolikandamiza bomba likapasuka, ni jambo jingine kabisa, mbele ya bima na hata mbele ya mahakama.

Tena kuna swali ambalo hakuna aliyekuuliza: kwa nini lilifurika usiku wa mvua? Katika mpango wa jiji, maji ya mvua yana mifereji yake na majitaka yana mabomba yake. Bomba la majitaka likifurika mvua inyeshapo, mara nyingi kuna mtu aliyeelekeza maji ya paa au ya uani ndani yake. Inaweza kuwa ni ninyi, au Shosho mwenyewe bila kujua, au nyumba ya tatu huko juu ambayo haijatajwa kabisa katika barua yako.

Njia ya kujua si ghali sana. Fundi amwage maji yenye rangi katika choo cha kila nyumba ya safu yenu, moja baada ya nyingine, huku mwingine akiangalia kwenye shimo la ukaguzi rangi inatokea wapi. Wapo pia mafundi wenye kamera ndogo ya kuingiza ndani ya bomba. Picha zake utaziweka. Ukipata kwamba ni nyumba yenu na ya Shosho pekee zinazotumia bomba hilo, mambo ni ya nyumba mbili. Ukipata kwamba nyumba tano au sita zinapitisha maji hapo, basi mume wako ana hoja. Kwa kawaida mwenye nyumba hutunza bomba lake mpaka pale linapoungana na bomba la umma, na kutoka hapo kampuni ya maji na majitaka ya jiji ndiyo hubeba mzigo. Upana wa bomba nao hukupa fununu: la nyumba moja mara nyingi ni la inchi 4, la kukusanya nyumba nyingi ni inchi 6 au zaidi. Ramani za mabomba ya umma wanazo kampuni, nawe unaweza kuomba kuonyeshwa.

Lakini sikufichi hatari iliyo hapo. Ukiwaita waje, wataviona vyumba. Kama ni bomba la umma, watauliza nani aliwaruhusu kujenga juu yake, na wanaweza kudai njia ifunguliwe. Kaunti nayo inaweza kutaka kuona ramani iliyoidhinishwa, maana Sheria ya Mipango ya Matumizi ya Ardhi ya 2019 inataka kibali kabla ya ujenzi. Hukuniambia kama mlikuwa nacho. Nadhani hofu hiyo ndiyo inayomfanya mume wako awe mkali, kuliko uchoyo wa elfu kumi. Anaiona karo ya mtoto ikibomolewa. Akija mwisho wa mwezi, anza naye hapo, kwenye hofu hiyo, ndipo mfike kwa jirani. Mkiulizana mapema kama vyumba vyote vitatu vinaweza kubaki, au kimoja kitolewe ili bomba lipate njia, mtakuwa mmeamua wenyewe badala ya kuamuliwa.

Tuje kwenye bima. Ile ya benki umeelezwa sawa; kazi yake kubwa ni kulinda jengo ambalo ndilo dhamana ya mkopo. Hii ya pili, ya nyumba, toa hati yenyewe uisome, usiridhike na ukurasa mmoja wa muhtasari. Kwa kawaida bima ya namna hiyo hugawanywa: jengo, vitu vya ndani, majeraha ya mfanyakazi wa nyumbani, na dhima yako, yaani wajibu wako wa kulipa hasara, kwa watu wengine. Kwenye sehemu ya jengo utakuta imeandikwa kupasuka au kufurika kwa mabomba na matangi. Hapo wengi hufurahi mapema. Kinacholipwa mara nyingi ni uharibifu ulioletwa na maji. Bomba lenyewe lililochakaa haliwemo, kwa sababu uchakavu wa polepole huwekwa nje ya bima karibu kila mahali. Na mizizi iliyojaa ndani ya bomba haikuota kwa usiku mmoja. Kwa hiyo zile 185,000 za kuhamisha bomba, usizipigie hesabu kutoka kwa bima.

Hasara ya Shosho ni sehemu nyingine, ya dhima. Hapo bima inaweza kulipa iwapo itaonekana kwamba kisheria ninyi ndio mnaowajibika kwa yaliyompata. Angalia kama sehemu hiyo inakulinda kama mwenye jengo au kama mkazi tu, na kama inaondoa nje shughuli za biashara, kwa kuwa upangishaji unaweza kuhesabiwa hivyo.

Hapa ndipo sharti la kwanza la wakala linapotoka, na halikutoka hewani. Mikataba mingi ya bima inakukataza kukubali kosa au kuahidi malipo kabla kampuni haijakuruhusu. Ukivunja hilo, wanaweza kukataa kulipa. Lakini tazama mpaka wake. Mkataba unakataza kusema “kosa ni letu, tutakulipa.” Haukukatazi kusema pole, wala kumweleza mtu kile ambacho macho yake mwenyewe yataona shimo lile likiwa wazi. Wakala amelipanua katazo likameza hata ukweli, nawe ukalipanua tena likakuzuia kutoka nje ya mlango wako.

Ningekuwa wewe ningemwomba wakala aniandikie, hata kwa ujumbe wa simu, ni kipengele gani hasa anachokisemea. Kisha ningeiandikia kampuni yenyewe kwamba kuna jirani mzee aliyepoteza godoro na makochi, nawauliza kama wana pingamizi nikimsaidia kwa sasa, bila msaada huo kuhesabiwa kuwa kukiri kosa. Mawakili wa hapa wamezoea barua za namna hiyo. Kampuni inaweza kukataa, au ikakawia kujibu. Hiyo ni hatari utakayoipima mwenyewe: godoro unaweza kulinunua leo kwa upendo wa jirani, na ukaamua kwamba hata likikuletea maneno na bima, utayabeba.

Sharti la pili silioni kama la kwanza, mwanangu. Bima husimama juu ya uaminifu wa pande zote mbili. Kampuni itatuma mkadiriaji wa hasara, naye atakuja na simu ya kupiga picha. Vyumba vitatu vyenye kamba za nguo na watu ndani havifichiki. Madai yakiandikwa kwa uongo yanaweza kukataliwa yote, hata ile sehemu ambayo ungelipwa kihalali, na kujipatia pesa kwa uongo ni kosa la jinai ambalo litaandikwa jina lako. Wakala ataendelea na wateja wengine. Wewe ni mwalimu, una Tume ya walimu ya kuijibu.

Kuna njia ya kurekebisha, ingawa nayo ina gharama. Iandikie kampuni useme fomu ya kwanza ilijazwa na wakala, haikutaja vyumba, na unataka kumbukumbu zisahihishwe. Wanaweza kukuongezea ada ya bima na kuendelea nawe. Wanaweza kukataa madai haya, au kuvunja mkataba tangu mwanzo wakisema walifichwa jambo kubwa. Sitakuahidi watachagua lipi. Wakikataa na ukaona wameonea, Mamlaka ya Kudhibiti Bima, IRA, hupokea malalamiko ya wananchi, nawe utakuwa na barua za kuonyesha. Ukienda huko na fomu ya uongo mkononi, hutakuwa na la kusema.

Lipo pia lile ambalo hukulitaja, nadhani kwa sababu linaumiza: Shosho ana haki ya kudai. Ana miaka 3 ya kufungua kesi ya madhara kama haya, na Mahakama ya Madai Madogo, iliyoanza Milimani mwaka 2021, husikiliza madai yasiyozidi shilingi 1,000,000, hata mtu asiye na wakili. Hasara yake inaingia humo vizuri. Sikuambii hivi kukutisha. Nakuambia kwa sababu mtoto wake wa Nakuru pengine ameshalijua hilo, na swali lake la “mlijenga juu ya bomba?” linaweza kuwa la mtu anayetafuta maelewano, au la mtu anayekusanya ushahidi. Kadiri unavyomkwepa mama yake, ndivyo anavyosukumwa upande wa pili. Sikatai kwamba kunyamaza kunaweza kukuokolea shilingi. Ninachokuuliza ni kama umehesabu kunakugharimu nini.

Ukiamua kwenda, usiende na bahasha wala na maelezo marefu. Unaweza kumwambia: “Mama, nimekuja nikupe pole tena. Fundi amekuta bomba limevunjika upande wetu. Chanzo bado hakijajulikana, tunataka kulipima lote, na tungeomba kupima hata kutoka kwako. Kwa ajili ya bima siwezi kuzungumzia nani atalipa mpaka wakague, lakini sikutaka ukae bila kujua.” Maneno hayo yote ni kweli. Hayamuahidi kitu, na hayamdanganyi. Anaweza kukasirika. Anaweza kukuuliza mbona ulichelewa. Msikilize mpaka amalize, usijitetee kwa habari za udongo na mizizi siku hiyo.

Kuhusu chama, mwone yeye kwanza, peke yake, kabla ya siku ya mkutano. Akina mama wakilisikia pamoja naye kwa mara ya kwanza sebuleni kwako, kila mmoja atakuwa na hukumu yake na ninyi wawili hamtapata nafasi ya kusemezana.

Wakati huo huo, mwambie fundi asitupe kile kipande cha bomba. Kiwekwe pembeni pamoja na mizizi yake, kipigwe picha na tarehe, na akuandikie alichokikuta kwa sentensi chache na sahihi yake. Mwombe Shosho naye apige picha za vitu vyake kabla havijatupwa na aandike bei alizonunulia, kwa kuwa mkadiriaji ataviuliza hivyo yeyote atakayelipa. Pale palipovunjika pazibuliwe na kutengenezwa kwa muda ili majitaka yapate njia, maana bima inatarajia uzuie hasara isizidi. Kazi kubwa ya kuhamisha bomba ingoje ukaguzi. Na ukijua ni nyumba ngapi zinapitisha maji hapo, ile 185,000 huenda si ya kwenu peke yenu; majirani wengine wa safu wanaweza kuchanga, hasa wakielewa kwamba mvua zijazo zinaweza kupandisha majitaka kwao.

Niandikie ukishapima kwa rangi, uniambie ni nyumba ngapi. Na kama hati ya bima ina kifungu usichokielewa, kinakili kama kilivyo unitumie, tukisome pamoja.